Mguu mmoja, mivunjiko saba

Barua ya wazi kwa Waziri wa Afya wa Kaunti ya Lamu, kwa wakuu wa hospitali na zahanati zetu kuanzia Witu hadi Kiunga, na kwa wote wanaopitisha madai ya bima ya afya

Waheshimiwa,

Assalaam aleikum. Baada ya salamu, naanza na hesabu, maana hesabu ndiyo iliyonishikisha kalamu. Kwa mujibu wa faili yangu ya hospitali, kati ya Machi 2019 na Juni 2022 nilivunjika mguu wa kushoto mara saba, pale pale, mfupa ule ule. Kwa mujibu wa mke wangu, ambaye ndiye aliyekuwa akinishika mkono kwenda msalani, nilivunjika mara moja. Nami niko upande wa mke wangu.

Mimi ni karani wa kumbukumbu za afya, mstaafu. Miaka 22 nimekaa nyuma ya dirisha la faili nikisoma miandiko ya madaktari na kuigeuza kuwa misimbo ya magonjwa: herufi moja, tarakimu mbili, nukta, tarakimu moja. Kazini tulizoea kuiita “kodi”, na ndiyo sababu hapa mtaani Langoni kuna wazee wanaodhani mpaka leo kwamba nilikuwa mtu wa KRA, wale watoza kodi wa serikali; nikipita barazani hubadilisha mazungumzo. Basi nitatumia neno msimbo, nisije nikazidisha uadui.

Nilianguka nikitoka Mokowe, ng’ambo, kwa mashua. Maji yalikuwa yamekupwa, na anayezijua gati zetu anajua kwamba maji yakikupwa zile ngazi za chini hufunuka, na zina utelezi wa kijani usioonekana mpaka ushaukanyaga. Mkono mmoja nilikuwa na mfuko wa unga, mkono wa pili simu. Sauti niliisikia kabla ya maumivu, kama mtu aliyevunja ukuni mkavu kwa goti. Ulikuwa mfupa wa muundi, katikati. Mabaharia wawili walinibeba kwa ubao wa kukalia wa mashua, na ule unga sikuuona tena.

Nilitibiwa katika hospitali moja ya mwambao huu, si ile niliyofanyia kazi. Sitaitaja. Kwanza walinihudumia kwa moyo; pili, niliyoyaona katika faili yangu yapo na kwingine; tatu, nikisema ukweli wangu wote, nimeyafanya na mimi kwa mkono wangu miaka mingi. Kwa hiyo barua hii haimnyooshei mtu kidole. Na kama kipo kidole, basi kinaanzia kwangu.

Mwaka jana, nikijiandaa kustaafu, niliomba kuona kumbukumbu zangu. Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019 inampa kila mtu haki hiyo, na hospitali ile ilinipa karatasi mbili bila kunizungusha. Nilikaa nazo ukumbini, nikavaa miwani, nikasoma kama nilivyosoma maelfu ya nyingine. Tarehe saba, na mbele ya kila tarehe msimbo mmoja: S82.2.

Kwa asiyekuwa wa kazi hii, nieleze. Kitabu tunachotumia ni Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa wa Shirika la Afya Duniani, toleo la 10, ambalo lilipitishwa mwaka 1990 na nchi wanachama zikaanza kulitumia mwaka 1994. Mle ndani S82 ni kuvunjika mguu kuanzia goti hadi kifundo, na ile 2 baada ya nukta inasema ni shina la mfupa wa muundi. Msimbo huo ni wa mtu aliyevunjika. Mfupa uko wazi kwenye eksirei, mguu umevimba, mtu anapiga kelele. Siku ya gati ile, S82.2 ilikuwa sahihi kabisa, na ningekuwa mimi dirishani ningeandika hivyo hivyo.

Lakini baada ya wiki mbili nilirudi kuangaliwa plasta. Hapo sikuwa nimevunjika upya. Nilikuwa nafuatiliwa, na kitabu kina mahali pa mtu wa namna hiyo, Z47.8, ambamo mnaingia kuangalia plasta, kuibadilisha na kuiondoa. Nikarudi tena plasta ndefu ikabadilishwa kuwa fupi ya chini ya goti, kisha nikarudi katika mwezi wa nne tangu kuanguka, kuiondoa: Z47.8, na tena Z47.8. Hizo ni ziara tatu ambazo hospitali ilitumia msumeno na pamba. Katika daftari ni watu watatu wengine waliovunjika muundi.

Ziara ya tano ndiyo inayoniuma. Plasta ilikuwa imetoka muda si mrefu, mfupa umeunga, na kifundo cha mguu kilikuwa hakikunji. Kimekakamaa kama bawaba ya mlango uliokaa na chumvi. Ya sita ilikuja baada ya mwaka na zaidi: nilikwenda kwa maumivu ya mgongo, kwa sababu mguu wa kushoto ulikuwa umeunga kombo kidogo na kufupika, na mtu akitembea kwa miguu miwili isiyolingana mgongo ndio unaolipa tofauti. Ya saba, Juni 2022, kifundo chenyewe kilikuwa kimeanza kuuma kwa kulika. Katika ziara hizo tatu hapakuwa na mvunjiko wowote. Palikuwa na vitu ambavyo mvunjiko ulioshapona umeviacha nyuma.

Na hapa ndipo nataka mkae nami kidogo, waheshimiwa, maana jambo lenyewe ni dogo na watu wa kitabu walilifikiria zamani sana.

Mwishoni mwa sura ya majeraha kuna kipande ambacho makarani wengi hatukifiki. Kinaanzia T90 na kuishia T98. Ni misimbo ya athari za baadaye, yaani ya jeraha ambalo lenyewe halipo tena lakini ndilo lililosababisha kilichopo leo. Mguu una wake: T93.1 ni kwa athari za fupaja lililovunjika, T93.2 ni kwa athari za mivunjiko mingine ya mguu, na muundi wangu umo humo. Kitabu kinasema bila kuficha ni lini utumie: pale daktari anapoandika kwamba hii ni athari ya baadaye, au pale hali ile inapokuwepo mwaka mmoja au zaidi baada ya jeraha.

Halafu kinaongeza kanuni ambayo ndiyo roho ya barua hii. Msimbo wa athari hausimami mbele. Mbele husimama kile alicho nacho mgonjwa leo, na T93 hufuata nyuma kueleza kimetoka wapi. Kiungo kukakamaa ni M25.6. Miguu kutolingana urefu ni M21.7. Mfupa ulioungana vibaya ni M84.0, na ule uliokataa kuungana kabisa ni M84.1. Kiungo kilicholika kwa sababu ya jeraha la zamani, kama si goti wala nyonga, ni M19.1, goti lina lake, M17. Kwa hiyo ziara yangu ya sita, kwa lugha ya kikarani, ilipaswa kusomeka M21.7 na T93.2. Yaani: mtu huyu ana miguu isiyolingana, na hilo limetokana na mguu aliowahi kuvunjika. Herufi mbili na tarakimu chache, na atakayesoma faili miaka kumi baadaye anamwona mtu mzima mzima.

Kuna na upande wa pili wa shilingi. Mwenye kuvunjika akapona, asibakiwe na lolote, akaja hospitali kwa malaria, huyo hana T93. Mguu wake ni historia tu, na historia ina msimbo wake katika Z87. Nalitaja hili kwa sababu najua tabia yetu: tukishafundishwa msimbo mpya, kwa miezi mitatu tunampaka kila mtu.

Sasa mtaniuliza, kwa nini niandike barua ya wazi kwa sababu ya herufi? Kosa la karani lisahihishwe na karani.

Kwanza, kosa halianzii kwa karani. Madaktari na maafisa wa kliniki wana desturi ya kuandika mvunjiko kwa alama ya reli, ile #. Ni desturi nzuri siku ya ajali. Mkono una haraka na damu ipo. Lakini alama hiyo haina wakati uliopita. Mtu akija miaka mitatu baadaye anachopea, kwenye kadi huandikwa vilevile: # muundi wa kushoto. Karani akiiona, anaandika S82.2, na hana kosa, maana karani haruhusiwi kubuni. Siwezi kukaa dirishani nikaamua kwamba mgonjwa amefupika mguu kwa sababu nimemwona akipita anayumba. Lazima aliyempima aandike. Na kuandika kwenyewe ni sentensi moja: “Kifundo cha kushoto kimekakamaa, kutokana na kuvunjika muundi 2019.” Kilichopo, kilikotoka, mwaka, na upande. Upande ni lazima kwa maneno, kwa sababu T93.2 ya kitabu chetu haiulizi kulia wala kushoto.

Pili, hesabu hizi hazibaki dirishani. Zinajumlishwa, zinapanda mtandaoni kwenye mfumo wa taarifa za afya ambao nchi nzima imekuwa ikiutumia tangu 2011, na huko juu kuna mtu anayezisoma ili apange. Huyo mtu hanioni mimi. Anaona mivunjiko saba. Kwa busara yake anaagiza plasta ya watu saba, bandeji za watu saba na filamu za eksirei. Wakati huo huo chumba cha fiziotherapia, ambacho ndicho nilichokihitaji mara tatu kati ya hizo saba, hakionekani kuwa na wateja. Nani atamwajiri mtaalamu wa viungo kwa wagonjwa ambao hawapo kwenye karatasi? Katika miaka yangu 22 nakumbuka kuandika T93 mara chache mno, na si kwa sababu watu hawachopei. Kaeni Mkunguni asubuhi moja muwatazame wanaoshuka kwenye mashua za Faza na Kizingitini.

Tatu, kuna pesa, na kwenye pesa ndipo watu huumia kweli.

Jirani yangu mmoja ni fundi mwashi, mkono wake mmojawapo wa ile iliyokarabati nyumba za mawe za Mji wa Kale huu ambao dunia iliuandikisha kuwa urithi wake mwaka 2001. Aliteleza kutoka jukwaani, akavunjika fupaja. Lilipoungana, mguu wa kulia ulikuwa mfupi kwa karibu sentimita tatu. Sheria ya fidia za kazini ya mwaka 2007, wengi wanaiita WIBA, inatambua ulemavu wa kudumu na malipo yake huhesabiwa kwa msingi wa mapato ya miezi 96, kwa kiwango cha ulemavu wenyewe. Lakini kiwango hakiwezi kupimwa kama ulemavu haukuandikwa. Ripoti aliyopewa ilikuwa na alama ya reli na maneno manne: fupaja la kulia, limepona.

Limepona! Neno zuri kama nini. Mama yake alipoambiwa alisoma Fatiha. Mwajiri alipolisoma, alilipa zile siku alizolala, basi. Kama limepona, anadai nini tena? Na aliyeandika hakusema uongo, mfupa ulikuwa umepona kweli. Ila mfupa ukishapona mtu bado yupo, na huyu hapandi jukwaa tena. Sasa huchanganya chokaa chini kwa ujira wa kibarua, na wanafunzi wake ndio wako juu. M21.7 na T93.1 zingekuwa kwenye ile karatasi, pamoja na sentensi moja ya daktari, angalau angekuwa na pa kuanzia kubishana.

Kwa upande wa bima mambo hugeuka kichekesho. Dai la mtu mmoja likienda na S82.2 mwaka wa kwanza, wa pili na wa tatu, anayelikagua ana haki ya kushtuka: ama huyu bwana ana bahati mbaya ya ajabu, ama kuna mtu anaiba. Dai hurudishwa. Hospitali hudhani bima ni korofi, bima hudhani hospitali ni janja, na mgonjwa amekaa kwenye benchi na mkongojo wake akiwaangalia. Tangu Oktoba 2024 tumetoka NHIF, bima ya afya ya zamani, tukaingia SHA, iliyochukua nafasi yake, na wananchi wamepata mengi mapya ya kujifunza. Wakati wa kubadilisha mifumo ndio wakati mzuri wa kuulizana: je, orodha ya misimbo iliyomo kwenye kompyuta zetu ina kile kipande cha mwisho?

Hili si swali la bure. Nimeona programu iliyonunuliwa kutoka nje ambayo ukiandika T93 inakwambia hakuna kitu kama hicho. Sababu ni kwamba Marekani wana toleo lao la kitabu, walianza nalo 1 Oktoba 2015, na wao hawakukichukua kipande cha athari za mguu kama kilivyo. Wao huchukua msimbo wa mvunjiko wenyewe na kuuvalisha herufi ya saba mwishoni: A kwa tiba ya mwanzo, D kwa mtu anayeendelea kupona vizuri, S kwa athari iliyobaki, na nyingine kwa mfupa uliochelewa au kukataa kuungana. Ni utaratibu mzuri, na unataja na upande wa mguu. Lakini ni wa kwao. Ukichanganya vitabu viwili katika kompyuta moja unapata kile tulichopata: karani anajaribu T93, inakataliwa, hajui herufi ya saba, anarudi S82.2 kwa sababu ndiyo pekee inayokubali kuhifadhiwa. Saa sita mchana, foleni imefika mlangoni, nani atamlaumu?

Na msinijibu kwamba toleo la 11 limekuja. Najua. Lilipitishwa Mei 2019 na kuanza kutumika 1 Januari 2022, na ni zuri zaidi kwa mambo mengi. Lakini toleo la 11, la 12 na la 20 yote yatasoma kile alichoandika daktari. Alama ya reli itabaki alama ya reli.

Nizungumzie na chanzo, maana hapo kitabu kinanifurahisha. Wengi hudhani vitabu hivi vimeandikwa kwa ajili ya miji ya magari. Si kweli. Aliyeanguka kutoka kwa punda yumo, V80.0. Aliyeanguka kutoka mtini yumo, W14, na kila mkwezi wa minazi kuanzia Mpeketoni hadi Malindi anaweza kujipata humo. Aliyeumia ndani ya chombo cha baharini bila chombo kuzama yumo. Tena miaka ikipita, vyanzo navyo vina misimbo yake ya athari: Y85 kwa ajali za usafiri, Y86 kwa ajali nyinginezo. Kama tungeandika hivyo, kaunti ingeweza kujua ni vilema wangapi tumepata kwa bodaboda, wangapi kwa minazi, na wangapi kwa ngazi za gati. Ngazi za gati ni za serikali. Zinaweza kupigwa brashi.

Kuna mambo ambayo hata msimbo haufiki. Mimi siwezi kukaa kitako cha tahiyatu. Kifundo hakikunji, kwa hiyo nasali juu ya kiti, nyuma, pamoja na wazee walionizidi miaka 20. Katika zefe la Maulidi hufuatana na watu mpaka nusu ya njia kisha hukaa kwenye baraza la mtu na kuwaacha wapite. Ngazi za nyumba zetu mnazijua, mwinuko wake ni wa kupanda minara. Nyanya yangu, Mungu amrehemu, alikuwa akiniona nashuka kinyumenyume huniuliza, “Yeo guu lina nini?” Hakuniuliza kama limepona. Aliuliza lina nini leo. Shirika la Afya Duniani lina kitabu kingine, cha mwaka 2001, kinachoainisha utendaji wa mtu na ulemavu wake, na swali lake ni kama la nyanya: anaweza kufanya nini, hawezi nini. Siombi tukianze hicho kesho. Nataja tu kwamba bibi aliyekuwa hajui kusoma aliuliza swali sahihi ambalo kadi yangu haikuuliza ziara tatu mfululizo.

Kupima kwenyewe hakutaki mashine. Mke wangu alinilaza sakafuni, akachukua futi ya cherehani yake, akapima kutoka kwenye ncha ya mfupa wa nyonga kwa mbele mpaka kwenye kifundo kwa ndani, mguu huu na mguu ule. Tofauti ilikuwa sentimita mbili. Nilipeleka makubadhi kwa fundi, mmoja wa wale waliojifunza ngozi Siyu, akaniongezea soli ya kushoto kwa tabaka mbili na kunitoza pesa ya chai. Mgongo ulipungua kuuma baada ya wiki chache. Ziara ya sita ya hospitali ilikuwa imenipa vidonge vya maumivu na mvunjiko mpya.

Sasa ninachoomba. Kadi ya mgonjwa wa nje iongezwe mstari mmoja, hata kwa muhuri wa mpira, wenye nafasi tatu: kilichopo leo, kimetokana na nini, mwaka gani. Muhuri kama huo fundi yeyote wa mjini huchonga siku moja. Makarani wetu wote wa kaunti wakutanishwe asubuhi moja, pamoja na maafisa wa kliniki, chumba kimoja, kitabu katikati. Sheria ya mwaka 2016 imeitambua kazi yetu kuwa taaluma, basi tuketi meza moja na wanaotuandikia. Nitafundisha mwenyewe, bila posho, nikipewa kahawa na mahali pa kunyoosha mguu. Watu wa kompyuta wakague kama T90 hadi T98 zimo, na kama kuna herufi za Marekani zimejipenyeza. Wakaguzi wa bima waelekezwe kwamba M na T93 zikija pamoja si udanganyifu, na wakiona S82 ya tatu kwa mtu mmoja wapige simu kuuliza kabla ya kurudisha dai. Na yale mafaili ya mivunjiko ya miaka ya karibuni yapitiwe, walau ya hospitali moja, ili tujue ni miguu mingapi tuliyohesabu zaidi ya mara moja.

Katiba ya 2010, kifungu cha 43, imetuahidi kiwango cha juu cha afya kinachoweza kufikiwa, na hospitali zetu za kaunti imeziweka mikononi mwenu. Sidhani mnahitaji kukumbushwa na karani. Mnalojua ninyi ni la juu. Mimi nimekaa chini, dirishani, ndiyo maana nimeona kitu kilichokuwa usawa wa macho yangu.

Nikiitwa nitakuja, na karatasi zangu mbili nitakuja nazo. Kama mkutano utakuwa ng’ambo, Mokowe, nina ombi moja tu kuhusu saa: tazameni kalenda ya maji kwanza. Yakiwa yamejaa, mashua husimama sawa na gati na mimi huvuka kwa hatua moja. Yakikupwa, siji.

Wenu,
Karani mstaafu wa kumbukumbu za afya
Langoni, Lamu